Zimwi la Chemchemi na Wajibu wa Mwanadamu

Hapana taifa lililokaa karibu na maji likayaona kuwa kitu kitupu. Mvuvi wa pwani, mkulima wa bondeni na mchungaji wa nyika, kila mmoja kwa namna yake, amedhani kwamba maji yana mwenyewe, na kwamba mwenyewe huyo hulipa wema kwa wema na ubaya kwa ubaya. Wayunani wa kale, ambao nchi yao yazungukwa na bahari pande tatu, walimwita mwenye maji Poseidon, wakamzungushia jamii kubwa ya miungu wadogo na mazimwi. Wairaqw wa nyanda za juu za Mbulu, ambao bahari kwao ni habari ya mbali, waliamini kuwa katika chemchemi na vijito vyao hukaa pepo waitwao netlangw. Wayunani na Wairaqw hawakupata kuonana. Hata hivyo, swali ambalo viumbe hao wa majini humwuliza mwanadamu ni moja: Je, hofu yaweza kuwa mwalimu wa wema? Na ikiwa yaweza, mwanafunzi atende nini siku atakapotambua kwamba mwalimu wake hakuwako?

Ili swali hili lipate jibu la haki, yafaa kwanza kuwatazama viumbe wenyewe jinsi walivyosimuliwa. Katika Iliad, Homer aeleza kuwa ndugu watatu waligawana ulimwengu kwa kura. Zeus alipata mbingu, Hades alipata giza la kuzimu, na Poseidon alipata bahari. Nchi kavu ikabaki mali ya wote. Lakini nchi nayo haikusalimika na mkono wa Poseidon, kwa maana Wayunani walimwita mtikisaji wa ardhi, wakaamini kuwa tetemeko ni pigo lake. Palikuwa na Nereus, mzee wa bahari asiyesema uongo, na binti zake hamsini. Palikuwa na Proteus, mchungaji wa sili, aliyejigeuza simba, nyoka, maji na mti ili asilazimishwe kusema ayajuayo. Kisha palikuwa na mazimwi yenyewe: Scylla, mwenye vichwa sita na miguu kumi na miwili, akaaye pangoni juu ya mlango wa bahari, na mbele yake Charybdis, anywaye maji ya bahari mara tatu kwa siku na kuyatapika mara tatu.

Aghalabu watu hudhani kuwa kazi ya zimwi katika hadithi za Wayunani ni kuuawa na shujaa. Ni kweli kwamba Heracles na Perseus waliua mazimwi mengi. Lakini Scylla hauawi. Circe alimwonya Odysseus asithubutu kupigana naye, akamwambia kuwa ni afadhali kupoteza watu sita kuliko kupoteza merikebu nzima na wote waliomo. Odysseus, kwa kiburi cha mtu wa vita, alivaa silaha zake hata hivyo, akasimama mbele ya merikebu akitazama juu. Silaha hazikumfaa kitu, na watu sita wakanyakuliwa wakilia jina lake. Kwa hiyo Wayunani walijua aina mbili za hatari: ile ambayo ushujaa huiondoa, na ile ambayo ushujaa huichochea tu. Waswahili nao wana mithali yao, Zimwi likujualo halikuli likakwisha. Katika mithali hiyo hapana ahadi ya kumshinda zimwi. Ahadi iliyomo ni kwamba kujuana naye hupunguza hasara.

Pepo wa maji wa Mbulu ni wa aina hii ya pili. Katika imani ya asili ya Wairaqw, wema wote hutoka kwa Looaa, ambaye hutajwa kama mama, na neno lilo hilo ndilo jina la jua. Wazee waliposimama kusema slufay, yaani maombi marefu yenye utungo na vitikio vya wasikilizaji, walimwomba Looaa mvua, watoto, mifugo na afya. Netlangw ni kinyume chake. Looaa ni wa juu. Netlangw ni wa chini, wa ardhi na wa maji yatokayo ardhini. Looaa hupendwa, netlangw huogopwa. Lakini hakuna shujaa wa Kiiraqw anayesifiwa kwa kumwua netlangw akaikomboa chemchemi. Kiumbe huyo alipewa nafasi yake, alitulizwa kwa sadaka, na kuepwa kukasirishwa. Majirani wao wa Hanang, Wadatoga, ambao Wabarabaig ni tawi lao mashuhuri, humwomba Aseeta, ambaye naye huhusishwa na jua, na huuheshimu mlima wa Hanang, ulio na urefu wa zaidi ya mita 3,400 na kusimama peke yake juu ya tambarare. Hivyo katika nchi moja ndogo macho ya watu yaliinuka juu kwa matumaini, na yakashuka penye maji kwa tahadhari.

Tahadhari hiyo ilikuwa na matunda. Mahali paogopwapo hapakatwi miti ovyo, wala hapachafuliwi, wala hapageuzwi shamba la mtu mmoja. Mgeni atakayeshangaa jinsi Wairaqw walivyoweza kulima kwa vizazi vingi katika vilima vya Irqwar Da'aw, nchi yao ya asili, pasipo kuimaliza rutuba, ataambiwa juu ya samadi, matuta na mifereji, na ataambiwa kweli. Lakini maarifa ya jembe yalikwenda pamoja na adabu ya mahali. Jumuiya ya eneo, iitwayo aya, ilikuwa na mipaka ambayo wazee waliitakasa kwa ibada, na amani ya wakaao ndani yake ilihesabiwa kuwa kitu kimoja na afya ya udongo na maji yake.

Mambo haya hayakuwa mageni kwa Wayunani. Hesiod, aliyekuwa mkulima kabla ya kuwa mshairi, katika kitabu chake juu ya kazi na majira alimkataza mtu kuvuka mto kabla ya kuomba na kunawa mikono, akakataza pia kuchafua vijito na chemchemi kwa haja ya mwili. Na Homer, katika kitabu cha ishirini na moja cha Iliad, aonyesha mto wenyewe ukishtaki. Achilles ameua watu wengi hata maiti zimeziba mkondo wa Scamander. Mto wamwambia kwamba maji yake hayawezi tena kufika baharini, wamsihi akaulie watu uwandani. Achilles hasikii. Ndipo mto unapofurika, ukamfukuza shujaa mkuu wa Wayunani kama mwizi, hata akalia kwamba atakufa kifo cha aibu, mfano wa mtoto mchunga nguruwe aliyechukuliwa na kijito akivuka wakati wa mvua. Kabla ya hapo hakuna mtu aliyemtia Achilles hofu. Maji yalimtia.

Hapa pana faida ya kwanza ya zimwi, nayo si ndogo. Zimwi humwekea mpaka mtu asiyewekewa mpaka na mtu mwingine. Mfalme, tajiri na shujaa hawaogopi jirani, maana jirani hana nguvu za kuwazuia. Lakini wote watatu hunywa maji, na wakiamini kuwa maji yana mwenyewe, basi yuko mmoja wasiyeweza kumpuuza. Kinyume cha jambo hili kimeandikwa na Herodotus. Mfalme Xerxes wa Uajemi, dhoruba ilipolivunja daraja lake la kuvukia Hellespont, aliamuru bahari ipigwe mijeledi mia tatu na kutupiwa pingu. Kwa Wayunani hicho kilikuwa kichekesho na onyo: huyu ni mtu aliyekosa kitu cha kuogopa, hata akadhani bahari nayo ni mtumwa wake.

Msomaji mwenye elimu ya sasa hana budi kuleta pingamizi. Atasema kuwa mto hauna hasira, wala chemchemi haina pepo. Na kwamba wema uliojengwa juu ya uongo huanguka uongo ukigunduliwa. Pingamizi hili ni la zamani kuliko linavyodhaniwa. Xenophanes, katika karne ya sita kabla ya Kristo, alikwisha kusema kuwa upinde wa mvua, ambao watu waliuita mungu, ni wingu tu lenye rangi. Na mfano ulio bora kuliko yote umo katika mazungumzo ya Plato yaitwayo Phaedrus. Socrates na rafiki yake watembea kando ya kijito cha Ilissus nje ya Athens, miguu yao majini, hata wafika chini ya mti mkubwa mahali palipowekwa sanamu za heshima kwa mabinti wa chemchemi na kwa Achelous, mungu wa mito. Phaedrus auliza kama ni kweli kwamba karibu na hapo upepo wa kaskazini ulimwiba msichana Oreithyia. Socrates ajibu kuwa wenye akili wangeweza kusema alisukumwa na upepo akaanguka mwambani. Lakini mtu akianza kazi hiyo, itambidi aeleze pia nusu mtu nusu farasi, na Gorgon, na makundi yote ya viumbe vya ajabu. Yeye hana nafasi. Bado hajajijua mwenyewe, kama yeye ni mnyama mkali na mwenye kujipindapinda kuliko Typhon, au ni kiumbe mpole.

Wengine wamelisoma jibu hili kama dharau kwa elimu ya maumbile. Sivyo. Socrates hakusema kuwa maelezo ya wenye akili ni ya uongo. Alisema kwamba hayajibu swali lake. Na baadaye katika mazungumzo yale yale, alipotaka kuvuka kijito aende zake, alihisi ile sauti ya ndani iliyozoea kumzuia. Akatambua kuwa alikuwa amesema maneno ya uongo juu ya Upendo, na kwamba haimpasi kuvuka kabla ya kusahihisha. Alikataa kubishana juu ya pepo wa kijito, lakini ukingoni mwa kijito alijihukumu. Kwake, sababu ya jambo na wajibu wa mtu vilikuwa maswali mawili, na jibu la moja halikuwa ruhusa ya kulipuuza la pili.

Tofauti hiyo ina uzito wake katika Hanang, wala si jambo la vitabuni tu. Alfajiri ya tarehe 3 Desemba 2023, baada ya mvua kubwa, sehemu ya mlima wa Hanang iliporomoka. Tope lilifuata njia ya maji likichukua mawe na magogo, likaingia mji wa Katesh na vijiji vya jirani, ikiwamo Gendabi. Watu zaidi ya 80 walikufa, na wengine wengi walipoteza nyumba na mali. Katika saa za kwanza palikuwa na waliodhani kuwa volkano imelipuka. Wataalamu walieleza kuwa haikulipuka: miamba dhaifu ya mlima ilikuwa imeshiba maji, ikashindwa kujishikilia. Maelezo hayo yapasa kupokewa yote, bila kubakiza pembe yoyote kwa pepo. Mtu akisema kuwa mlima ulikasirika, hana budi kusema ulimkasirikia nani. Na akisha kusema hivyo, amewafanya wafu wa Katesh kuwa wenye hatia. Mtoto aliyekufa usingizini hakumkosea mwenye maji yeyote. Kumzulia kosa ili hadithi ikamilike ni kumtendea ubaya mara ya pili.

Na hapa ndipo upande wa giza wa zimwi unapoonekana, upande ambao wasifu wengi wa mila huupita haraka. Hasira ya mwenye maji hudai mtu wa kulipa, na jamii yenye hofu haimtafuti mwenye nguvu. Hadithi za Wayunani zaungama jambo hili kwa uwazi wa ajabu. Laomedon, mfalme wa Troy, alimdhulumu Poseidon ujira wa kujenga kuta za mji. Zimwi likatoka baharini. Na aliyefungwa ufukoni ili aliwe alikuwa Hesione, binti wa mfalme. Cassiopeia, malkia wa Ethiopia katika hadithi, alijisifu kwa uzuri mbele ya mabinti wa bahari; zimwi likatoka baharini; na aliyefungwa mwambani alikuwa Andromeda, binti wa malkia. Katika hadithi zote mbili mkosaji ni mzazi mwenye taji, na mlipaji ni msichana asiyekosa. Perseus na Heracles walikuja wakaua mazimwi, na wasikilizaji wakashangilia. Lakini hakuna shujaa aliyegeuka akawauliza wazee wa mji kwa nini walimfunga yeye na si wao.

Mbulu nayo ilikuwa na minyororo yake, ijapokuwa haikuwa ya chuma. Watu waliopatwa na mambo yaliyohesabiwa kuwa unajisi walitengwa katika hali iitwayo metimani. Mama aliyefiwa na mtoto wake, au aliyeharibikiwa na mimba, alikaa mbali na wenzake kwa muda mrefu, asishiriki chakula chao wala kukaribia maji yao, kwa kuwa iliaminika kuwa unajisi wake ungewavuta netlangw na kuleta ugonjwa au ukame juu ya nchi nzima. Zito kuliko yote lilikuwa fungu la msichana aliyechukua mimba kabla ya ndoa: huyo alitolewa nje ya nchi ya kwao, akajifungulie ugenini. Chemchemi ikabaki safi. Lakini usafi wake ulinunuliwa kwa machozi ya mtu mmoja aliye mdogo kuliko wote waliokaa kikaoni.

Haki yadai kwamba wazee wale wasikilizwe. Wao hawakuwa wakatili kwa kupenda ukatili. Waliiona jamii kuwa mwili mmoja, na wakahofia kwamba kidonda kidogo kikiachwa huua mwili wote; na katika nchi isiyo na dawa, kumtenga mgonjwa au mfiwa kwaweza kuwa kumezuia maradhi mara nyingine. Athens yenyewe, mji uliosifiwa kwa akili, kila mwaka katika sikukuu ya Thargelia ilimtoa nje ya mji mtu dhaifu, aitwaye pharmakos, ili achukue unajisi wa wote. Kwa hiyo kosa hili si la kabila moja wala la wasiosoma. Hata hivyo, udhuru wa wazee hauibadili hesabu. Mama aliyefiwa alikuwa na msiba mmoja. Desturi ikamwongezea wa pili. Desturi hiyo ilidhoofika katika karne ya 20, na hakuna awezaye kuililia kwa moyo safi.

Basi ikiwa zimwi ni mlinzi wa chemchemi na pia ni mlaji wa msichana, je, limalizwe tu, na mambo yote mawili yaishe? Jibu hili lavutia, lakini nyanda za Basotu, magharibi ya mlima Hanang, zimekwisha kulijaribu. Kuanzia mwishoni mwa miaka ya 1960, serikali, kwa msaada wa Kanada, ilifungua huko mashamba makubwa ya ngano. Yakafikia mashamba saba ya shirika la NAFCO, yenye ekari zipatazo 100,000. Nia ilikuwa njema: taifa changa lilitaka kujilisha lenyewe. Lakini nyanda hizo zilikuwa malisho bora ya Wabarabaig, na ndani yake mlikuwamo makaburi ya wazee wao waheshimiwa, yaitwayo bung'eda, vichuguu virefu vilivyojengwa kwa ibada ya miezi mingi. Trekta halina tabia ya kuzunguka kaburi. Baadhi ya vichuguu vililimwa; njia za mifugo kwenda majini zilifungwa; maji ya mvua yakachimba makorongo katika udongo uliovuliwa majani. Wenyeji walikwenda mahakamani, na katika shauri la kijiji cha Mulbadaw Mahakama ya Rufani ilitengua, mwaka 1985, ushindi walioupata katika Mahakama Kuu. Katika mradi ule hapakuwa na zimwi hata moja. Palikuwa na wahandisi, mahesabu na mashine. Kukosekana kwa zimwi hakukuwafanya wenye nguvu kuwa na huruma, wala hakukumwokoa mnyonge. Kulikiondoa tu kile kizuizi cha mwisho kilichosalia mbele ya mwenye nguvu.

Kwa hiyo kuna kipimo kinachoweza kutumika, ambacho hakitegemei kama mtu aamini pepo au haamini. Yaulizwe hivi: Hofu hii yamfunga nani? Hofu inayomzuia Achilles kuziba mto kwa maiti, au inayomzuia mwenye shoka kuukata msitu ulio juu ya chemchemi, ni hofu yenye adili, kwa sababu yapunguza nguvu pale nguvu zilipozidi. Hofu inayomwondoa mjane penye maji, au inayomfunga Andromeda mwambani, ni dhuluma iliyovaa joho la ibada, kwa sababu yaongeza mzigo pale mzigo ulipokwisha kuzidi. Zote mbili zaweza kutoka katika imani moja, siku moja, katika kinywa cha mzee mmoja. Ndiyo sababu wapendao mila wote huona ile ya kwanza tu, na wachukiao mila wote huona ile ya pili tu. Maji ya kifuu ni bahari ya chungu, wasema Waswahili. Na kila mtoa hukumu yafaa apime kina cha maji kwa kimo cha yule aliyetumbukizwa, asikipime kwa kimo chake mwenyewe.

Lakini kipimo si nguvu. Kujua lipasalo ni jambo moja, na kulitenda usiku, pasipo shahidi, ni jambo lingine. Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya mwaka 2004 yakataza shughuli za kudumu za binadamu ndani ya mita 60 kutoka ukingo wa mto, ziwa au chanzo cha maji. Ni sheria nzuri, na kwa maana moja ndiye netlangw wa zama hizi: yasimama kati ya jembe na chemchemi. Tofauti ni kwamba netlangw aliaminika kuona gizani, na sheria huona pale tu alipo afisa. Mtu aliyelelewa kuogopa pepo, akaambiwa kuwa pepo hayuko, naye asifundishwe kingine chochote, atazipima mita 60 kwa hatua fupi.

Aristotle alisema kuwa haya, yaani ile hofu ya kuaibika, si wema kamili. Ni hisia iwafaayo vijana, ambao huishi kwa tamaa na huhitaji cha kuwarudisha nyuma. Mtu mzima hasifiwi kwa kuona haya, kwa kuwa hapaswi kutenda liletalo aibu. Hukumu hiyo yaweza kuhamishwa penye hofu ya zimwi. Hofu hiyo ilikuwa malezi ya ujana wa jamii, nayo ilifaa kadiri malezi yafaavyo. Lakini kuna jambo ambalo Aristotle hakulisisitiza, nalo ni kwamba jamii haizeeki kama mtu. Kila mwaka huzaliwa ndani yake vijana wapya, ambao hawajapata kuogopa wala kuheshimu kitu. Na mtu mzima aliyeacha hofu ya utoto wake hana budi kuwapa hao kitu kilicho imara kuliko ile hofu, la sivyo amewaachia shoka tu.

Kitu hicho chaitwa staha. Staha hutofautiana na hofu kwa kuwa mwenye hofu huuliza atapatwa na nini, na mwenye staha huuliza ni nani mwingine anywaye hapa. Mwenye hofu hutafuta wa kutolewa sadaka. Mwenye staha hutoa kilicho chake. Nayo staha haihitaji kudanganywa. Yaweza kukaa nyumba moja na maelezo ya mtaalamu wa miamba, na kwa kweli yamhitaji. Maana baada ya Desemba 2023, mtu mwenye staha kwa mlima Hanang ni yule ajuaye njia ambazo maji yake hupita, asimjengee maskini nyumba katika njia hizo, wala asimwache ajenge kwa kukosa mahali pengine. Kadhalika, mwenye staha kwa chemchemi za Mbulu ni yule aulindaye msitu wa Nou unaozilisha, na awaruhusuye kuchota maji wote waliowahi kufukuzwa hapo.

Hadithi ya netlangw, kama zile za Scylla na Scamander, haina sababu ya kufutwa katika vinywa vya wazee wala katika vitabu vya wanafunzi. Isimuliwe nzima: pamoja na chemchemi iliyosalimika, na pamoja na msichana aliyevuka mpaka usiku akiwa na mimba yake. Atakayeisikia nusu ya kwanza tu atajivunia mababu pasipo kuwajua. Na atakayeisikia nusu ya pili tu atawahukumu, kisha atakwenda kulima ukingo wa mto. Deni la kizazi hiki liko kwa wote wawili, yaani kwa maji na kwa msichana, na kulipa moja hakufuti jingine.